Wiki yenye siku mbili za tano

Zisome siku za wiki polepole, kana kwamba hujawahi kuzisikia. Jumamosi: juma mosi. Jumapili: juma pili. Halafu tatu, nne, tano. Hesabu inakwenda vizuri, na mtoto wa chekechea angekutajia inayofuata bila kufikiri: Jumasita. Ila haiji Jumasita. Inakuja Alhamisi, na Alhamisi ni neno la Kiarabu, al-khamis, lenye maana ya siku ya tano. Yaani jana ilikuwa ya tano na leo ni ya tano tena. Kesho yake ni Ijumaa, ambayo haina namba kabisa, kisha tunarudi mosi kama vile hakuna kilichotokea.

Tumetamka hivi maisha yetu yote na hakuna aliyeshtuka. Na kwa kweli hakuna aliyekosea kuhesabu. Kilichotokea ni kwamba hesabu mbili zimekutana ndani ya wiki moja, na kila moja ina pa kuanzia pake. Waarabu huanza Jumapili: wao huiita al-ahad, ya kwanza. Ukianzia hapo, ya tano inaangukia Alhamisi bila ubishi. Waswahili wa pwani walianzia kwingine. Kwao nguzo ya wiki ilikuwa Ijumaa, siku ya watu kukusanyika msikitini, na neno lenyewe juma, tunalolitumia kwa maana ya wiki nzima, limetoka humo humo. Siku inayofuata Ijumaa ndiyo mosi, ile ile mosi ya "Mei mosi" na "tarehe mosi". Ukianzia hapo, ya tano ni Jumatano. Walipofika karibu na Ijumaa wakaziacha siku mbili za mwisho na majina yake ya Kiarabu, na ndiyo maana tuna tano mbili.

Sasa ondoka pwani uone mambo. Panda hadi Kampala umuulize Muganda siku ya tano ni ipi. Atakwambia Lwakutaano, na anamaanisha Ijumaa. Mnyarwanda atakwambia kuwa gatanu, naye anamaanisha Ijumaa hiyo hiyo. Kwao wiki inaanza Jumatatu, siku ya kazi ya kwanza, ambayo Mnyarwanda huiita kuwa mbere. Waganda wana kichekesho chao: Jumatatu yao huitwa Bbalaza, na neno hilo ni baraza letu, limesafiri kutoka pwani hadi ziwani.

Na usidhani mgawanyiko huu ni wa lugha na lugha tu. Katika Kiswahili cha Katanga, kule Lubumbashi na migodini, Jumatatu ni siku ya kwanza, Jumanne siku ya pili, na siku ya tano ni Ijumaa. Jumamosi wao huiita siku ya posho, jina linalokumbusha mgao wa chakula wa wafanyakazi. Kwa hiyo Mswahili wa Lamu na Mswahili wa Lubumbashi wakiahidiana kukutana "siku ya tano", mmoja atamngojea mwenzake siku mbili.

Vuka Ruvuma uingie Msumbiji, ambako Kireno ndicho lugha ya ofisini. Huko Alhamisi ni quinta-feira, ya tano, sawasawa na Waarabu. Mrusi naye huiita Ijumaa pyatnitsa, na ndani yake mna tano ya Kirusi. Yuko upande wa Muganda. Tano ni ile ile na siku zinapita kwa mpangilio ule ule. Kinachotofautiana ni pale mtu alipoweka moja. Ukilishika jambo hilo, vioja vingi vya saa, miezi na miaka vinaacha kuwa vioja.

Chukua swali linaloonekana jepesi: siku inaanza saa ngapi?

Miaka kadhaa iliyopita nilialikwa hitima Mombasa. Mzee aliyenipigia simu alisema ni usiku wa Ijumaa, baada ya swala ya isha. Nikafika Ijumaa, nimevaa kanzu yangu iliyopigwa pasi, nikamkuta mwenyeji anakunja mikeka na vijana wanasugua masufuria. "Ilikuwa jana, mwanangu," akasema, kwa upole kuliko nilivyostahili. Kwa wazee wa pwani, kama ilivyo katika kalenda ya Kiislamu, siku huingia jua linapozama. Usiku hutangulia na mchana hufuata. Usiku wa Ijumaa ni ule unaoanza Alhamisi magharibi. Mimi nilikuwa nimebeba siku ya kizungu, inayoanza katikati ya usiku watu wakiwa wamelala, nikaenda nayo kwenye nyumba inayotumia siku nyingine. Watangazaji wa redio walikwishalijua tatizo hili, ndiyo maana wanasema "usiku wa kuamkia Ijumaa". Maneno yanakuwa marefu kidogo, lakini hakuna atakayekosa pilau.

Tena usiku wa manane haukuwa mwanzo wa siku kwa kila mtu hata huko Ulaya. Miji mingi ya Italia kwa karne kadhaa ilihesabu saa 24 kuanzia jua kuzama. Waturuki wa dola ya Uthmani nao walizipanga saa zao kufuata magharibi. Wanaastronomia walikuwa na lao: siku yao ilianza adhuhuri, kwa sababu anayetazama nyota hataki tarehe ibadilike akiwa katikati ya kazi yake. Hawa waliendelea hivyo hadi mwisho wa 1924. Tangu tarehe 1 Januari 1925 ndipo walipokubali kuanza siku usiku kama watu wengine.

Hapo ndipo tunafika kwenye saa yetu, ambayo wageni huiona kama fumbo.

Tazama saa ya ukutani. Akrabu fupi inagusa 1, wewe unatamka saa saba. Inagusa 2, unasema nane. (Akrabu, kwa asiyejua, ni nge kwa Kiarabu, sijui ni nani aliyeitazama saa akaona nge anatembea, lakini alikuwa na jicho zuri.) Mtu aliyekulia hapa hapigi hesabu yoyote. Jicho linaruka lenyewe hadi upande wa pili wa uso wa saa, maana saba iko mkabala na moja, nane mkabala na mbili, na kumi na mbili mkabala na sita. Tunaisoma saa kwa kisogo chake. Wako wazee waliochoka na mchezo huo wakazirekebisha saa zao za mkononi zionyeshe saba pale wanaposema saba, na mafundi saa wakawa wanawaelewa.

Taabu huanza saa inapoandikwa. Binamu yangu, aliyekulia Canada, alikatiwa tiketi ya basi la kutoka Dar es Salaam kwenda Mbeya. Wakala aliandika kwa kalamu kwenye kitabu cha risiti: "kuripoti 11:30". Wakala alimaanisha saa kumi na moja na nusu alfajiri. Binamu yangu akaamka, akanywa chai bila haraka, akaingia stendi saa tano na nusu asubuhi na begi lake, wakati basi limekwishaivuka Morogoro. Kila mmoja alikuwa na risiti ile ile ya kuthibitisha kwamba mwenzake ndiye mjinga.

Watu wengi huamini kwamba saa ya Kiswahili ni kituko kilichozuka huku kwetu. Ukweli ni kinyume chake. Kuhesabu saa tangu jua kuchomoza ndiko kuhesabu kwa kale, na waliohama ni wengine. Wamisri wa kale waligawa mchana mafungu 12 na usiku mafungu 12. Warumi nao waliita adhuhuri saa ya sita, kama sisi. Wahabeshi wa Ethiopia wanahesabu hivyo hadi leo: saa moja yao ya asubuhi ndiyo saa moja yetu.

Ushahidi ninaoupenda kuliko yote umo ndani ya Biblia. Matini ya Kigiriki ya Injili inasema giza lilitanda tangu saa ya sita hadi saa ya tisa. Mwingereza akitafsiri kwa neno moja moja, msomaji wake anapotea, kwa hiyo tafsiri zao nyingi za siku hizi hubadilisha na kuandika adhuhuri hadi saa tatu alasiri kwa saa ya kizungu. Mfasiri wa Kiswahili hakuwa na kazi hapo. Aliandika saa sita, akaandika saa tisa, na bibi yangu kule kijijini akaelewa jua lilikuwa wapi bila kusoma maelezo ya chini ya ukurasa. Vivyo hivyo ule mfano wa vibarua wa shamba la mizabibu. Wa mwisho wanaajiriwa saa kumi na moja, wanafanya kazi saa moja tu, jua linazama, wanalipwa sawa na waliotoka jasho tangu asubuhi. Kwa Mswahili hesabu inatimia: kumi na moja, halafu kumi na mbili, magharibi, kazi kwisha. Waingereza wana msemo wa kufanya jambo "saa ya kumi na moja", wakimaanisha dakika za mwisho kabisa, na wengi wao hudhani ni saa moja kabla ya usiku wa manane. Kumbe ni kibarua aliyeokotwa sokoni saa kumi na moja jioni.

Saa ya Kirumi imeacha mabaki mengine pia katika midomo ya Wazungu wenyewe. Mhispania akienda kulala mchana anasema anakwenda siesta, na neno hilo limetoka kwa Kilatini cha saa ya sita. Ni usingizi wa saa sita mchana. Mswahili angeuita hivyo hivyo. Neno la Kiingereza la adhuhuri, noon, lina mkasa zaidi: limetokana na saa ya tisa. Lilikuwa na maana ya alasiri, wakati wa sala moja ya watawa. Katika zama za kati sala hiyo ilisogezwa nyuma kidogo kidogo hadi ikafika katikati ya mchana, ikaburuta na jina lake. Tangu hapo Mwingereza akiwa saa sita anasema tisa, na hajui.

Kwa nini basi wao waliacha na sisi tukabaki? Nadhani jua lenyewe lina jibu. Mrumi aligawa mchana mafungu 12, mchana uwe mrefu au mfupi. Pale Rumi, saa moja ya kiangazi ilivutika hadi kama dakika 75, na ya kipupwe ikasinyaa hadi kama 45. Saa iliyokuwa ikivutika hivyo haikusumbua watu waliotumia vivuli vya jua na vyombo vya maji. Mitambo ya magurudumu ilipoenea makanisani na mijini, mambo yakaharibika, kwa sababu gurudumu halijui kiangazi. London ina mchana wa karibu saa 8 Desemba na zaidi ya saa 16 Juni. Huwezi kuanzia hesabu kwenye macheo yanayotangatanga namna hiyo. Ikabidi watafute mahali pengine pa kuanzia, na katikati ya usiku, palipo mbali na macheo na machweo sawasawa, pakafaa.

Dar es Salaam mchana mrefu kuliko wote katika mwaka unauzidi ule mfupi kwa chini ya saa nzima. Huku macheo hayatangitangi sana, na saa inayoanza na jua haimsumbui mtu. Hata hivyo haikai sawa kabisa. Novemba jua la Dar linachomoza dakika chache kabla ya saa kumi na mbili, na Julai linachomoza saa kumi na mbili na nusu imekwishapita. Wavuvi wa Kunduchi hawahitaji kuambiwa hilo.

Kisha kuna Kigoma, na Kigoma inastahili kusimuliwa.

Saa ya Afrika Mashariki iko saa 3 mbele ya saa ya Greenwich, kule London, inayohesabiwa kuwa sifuri. Dunia huzunguka nyuzi 15 kwa saa moja, kwa hiyo saa 3 ni nyuzi 45 mashariki. Fungua ramani uutafute mstari wa nyuzi 45: haugusi Tanzania, wala Kenya, wala Uganda. Unapita Somalia. Nchi tatu zinaishi kwa saa ya jua la mahali ambapo hazipo. Dar, iliyo nyuzi 39 na ushee, jua linafika utosini kwa wastani saa sita na dakika 23. Nairobi ni saa sita na dakika 33 hivi. Kigoma iko karibu nyuzi 30, na huko jua linachelewa saa nzima: adhuhuri ya kweli ni saa saba, na asubuhi ikigonga saa moja ndipo jua linaanza kutokeza juu ya vilima. Kwa maneno mengine, Kigoma jua linachomoza saa moja, si kumi na mbili, na mtu anayesema "saa moja" akimaanisha saa ya kwanza ya mchana anasema jambo ambalo halijatokea bado. Mwalimu anayefundisha kwamba saa ya Kiswahili inafuata jua ingembidi ahamie Burundi. Bujumbura, juu kidogo kwenye ziwa hilo hilo la Tanganyika, inatumia saa 2 mbele ya Greenwich. Ukitoka Kigoma unarudisha saa yako nyuma kwa saa moja, na huko jua linachomoza karibu na kumi na mbili kama vitabu vinavyosema. Kenya ya kikoloni ilijaribu kulifuata jua lake kwa uaminifu zaidi. Kuna wakati ilitumia saa 2 na nusu mbele ya Greenwich, na kuna wakati saa 2 na dakika 45, kabla ya kutulia kwenye 3.

Kigoma bado ina nafuu. China nzima, yenye upana wa kutosha kanda tano za saa, inatumia saa moja ya Beijing. Kule Kashgar, magharibi ya mbali, wenyeji wengi wana saa yao isiyo rasmi iliyo nyuma kwa saa 2, na ukipanga miadi inabidi uulize: yako au ya Beijing? Swali hilo Mswahili analijua.

Na kwa nini Greenwich iwe sifuri? Kwa sababu watu walipiga kura. Oktoba 1884, wajumbe wa nchi 25 walikutana Washington kuchagua mstari wa kuanzia hesabu ya dunia. Nchi 22 ziliunga mkono Greenwich, San Domingo ilipinga, Ufaransa na Brazil hazikupiga kura. Meli nyingi zilikuwa tayari zikitumia ramani za Waingereza, basi. Wafaransa waliendelea na mstari wao wa Paris hadi 1911, na hata walipokubali walikubali kwa namna yao: sheria ilisema saa halali ya Ufaransa ni saa ya Paris iliyocheleweshwa dakika 9 na sekunde 21. Ukipiga hesabu unapata saa ya Greenwich, ila jina Greenwich halimo. Kwa ukaidi wa heshima, sijaona mfano mzuri zaidi. Siku hizi watalii husimama Greenwich miguu wameitanua juu ya ule mstari, mguu mmoja mashariki na mmoja magharibi, wakapiga picha. Wakiwasha simu zao zinazotumia setilaiti, sifuri inatokea kama mita 100 upande wa mashariki, ndani ya bustani.

Miezi ina hadithi ile ile, na hii wengi wanaijua nusu. Septemba ni saba kwa Kilatini, Oktoba nane, Novemba tisa, Desemba kumi. Ni miezi ya tisa, kumi, kumi na moja na kumi na mbili, kila mmoja amebeba namba ya mwenziwe. Hapo zamani Warumi walianza mwaka Machi. Ukianzia Machi, Septemba ni ya saba na kila kitu kinakaa mahali pake. Mwanzo wa mwaka ulipohamia Januari, majina hayakuhama. Mrumi wa kale ukimwalika Sabasaba angekuja Septemba. Julai na Agosti nazo zilikuwa na namba, Quintilis na Sextilis, ya tano na ya sita, mpaka zilipopewa majina ya Julius Caesar na Augustus. England ilikuwa na yake hadi karibuni: mpaka 1751 mwaka wa kisheria ulibadilika tarehe 25 Machi, kwa hiyo tarehe 24 Machi 1700 ilifuatiwa na tarehe 25 Machi 1701.

Kabla hujawacheka Warumi, fungua kalenda ya Kiislamu kama inavyotajwa pwani. Mwezi baada ya Ramadhani ni Mfunguo Mosi, wengine husema Mfungo Mosi, yaani mwezi wa kwanza wa kula baada ya kufunga. Inaendelea Mfunguo Pili, Tatu, hadi Tisa, halafu zinakuja Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Kwa Waarabu mwaka unaanza Muharram. Muharram ni Mfunguo Nne wetu. Rabiul Awwal, mwezi wa tatu kwa hesabu yao, ndio Mfunguo Sita ambao Lamu hujaa wageni wa maulidi. Tena ni hesabu iliyoanzia pengine: Waswahili walianzia sikukuu, pale watu walipokuwa na furaha ya kukumbuka.

Miaka nayo? Mtawa mmoja, Dionysius Exiguus, ndiye aliyeanzisha mnamo 525 hesabu ya miaka tangu kuzaliwa kwa Kristo. Namba za Kirumi hazina sifuri, kwa hiyo mwaka 1 kabla ya Kristo ukafuatiwa moja kwa moja na mwaka 1 baada yake. Ndiyo maana karne ya 21 ilianza Januari 2001, ingawa dunia nzima ilifyatua fataki mwaka mmoja mapema. Wahabeshi hawakuwa na haraka: kwa kalenda yao, iliyo nyuma ya hii kwa miaka 7 au 8 kutegemea mwezi, waliukaribisha mwaka 2000 tarehe 12 Septemba 2007.

Kuhusu siku zilizopotea nitasema kwa ufupi. Kalenda ya Julius Caesar iliufanya mwaka uwe mrefu kuliko mwaka wa jua kwa dakika 11 hivi. Ni kidogo, lakini kati ya karne ya 4 na ya 16 zililimbikizana zikawa siku 10. Papa Gregori wa 13 akazifuta: Alhamisi tarehe 4 Oktoba 1582 ikafuatiwa na Ijumaa tarehe 15. Angalia kwamba tarehe iliruka ila wiki haikuruka. Alhamisi ilifuatwa na Ijumaa kama kawaida. Mtakatifu Teresa wa Ávila alifariki usiku huo, akazikwa kesho yake, tarehe 15. Urusi haikufuata hadi 1918, na kwa sababu hiyo mapinduzi yao ya Oktoba yaliadhimishwa kila Novemba. Wasweden walitaka kuwa werevu: wasifute siku kwa mkupuo, waziache siku za Februari 29 polepole kwa miaka 40. Wakaiacha ya 1700, vita vikaingia, wakasahau kuiacha ya 1704 na ya 1708, wakajikuta wana kalenda isiyolingana na ya mtu yeyote duniani. Ili kurudi walikotoka, 1712 wakaongeza siku. Sweden imewahi kuwa na tarehe 30 Februari.

Nimeiacha ya mwisho kalenda ambayo naipenda kwa sababu ni yetu na haimo kwenye simu ya mtu yeyote. Mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kuliko wa jua kwa siku 10 au 11, kwa hiyo Ramadhani inazunguka misimu yote kwa miaka kama 33. Kwa ibada haina tatizo. Kwa nahodha ni hatari, kwa kuwa kaskazi na kusi hazifuati mwezi, zinafuata jua. Mabaharia wa pwani wakawa na mwaka mwingine wa siku 365, ulioanza siku ya Nairuzi, na waliuhesabu kwa miongo, mafungu ya siku kumi kumi. Aliyejua yuko mwongo wa ngapi alijua pepo zimekaribia au bado, na kama mkulima alijua apande lini.

Nairuzi ni neno la Kiajemi, ndiyo Nowruz, siku mpya, ambayo Wairani huiadhimisha mwezi Machi, mchana na usiku unapolingana. Yao imefungwa hapo kwa siku ya nyongeza inayoingizwa kila baada ya miaka kadhaa. Hesabu ya Nairuzi ya Waswahili haikupewa siku ya nyongeza: ni siku 365 kila mwaka. Kwa hiyo kila miaka 4 inarudi nyuma siku 1. Inaelea, taratibu mno, kiasi kwamba mtu mmoja katika uhai wake anaiona ikisogea kwa nusu mwezi au zaidi kidogo, na mjukuu wake anapokea mahali alipoachia.

Makunduchi, kusini mwa Unguja, huiadhimisha mwezi Julai kwa jina la Mwaka Kogwa, mwaka unaoogwa. Wanaume hupigana kwa mashina ya migomba hadi yachanike, kibanda cha makuti huchomwa moto na aliye ndani hutoka mbio, wanawake huimba, na mgeni yeyote aliyefika hulishwa. Ikiachwa iendelee kuelea hivyo bila mtu kuiongezea siku, itapita Juni, Mei na Aprili, na baada ya miaka kama 500 itaangukia Machi, siku moja na Nowruz ya Iran.